Kupika Mbavu za Mbuzi kwa Moshi kwenye Jiko la Pipa

Katika mabanda ya nyama choma, mbavu hulazwa moja kwa moja juu ya makaa, hugeuzwa mara kwa mara, na hutolewa zikiwa na ukoko wa kahawia na nyama inayodai meno imara. Hakuna ubaya katika hilo, kwani ladha ya mafuta yaliyodondokea moto ina wapenzi wake, nami ni mmoja wao. Hata hivyo, mbavu hufanya kazi kila mnyama anapovuta pumzi, na kwa sababu hiyo nyama yake imejaa nyuzi za kolajeni, ile protini ngumu inayoishikilia misuli kwenye mifupa. Kolajeni hailegezwi na moto mkali wa nusu saa. Huanza kuyeyuka na kugeuka jelatini nyama inapopita takriban nyuzijoto 70 za Selsiasi, tena kwa mwendo wa taratibu. Anayetaka mbavu laini, zinazoachana na mfupa bila kuvutwa kwa nguvu, hana budi kupunguza moto, kuongeza muda, na kuutumia moshi kama anavyotumia pilipili au chumvi, yaani kwa kipimo.

Maelezo yanayofuata yanahusu mbavu za mbuzi zenye uzito wa kilo mbili hivi, zikipikwa kwenye jiko la pipa lililopasuliwa kwa urefu, likaunganishwa kwa bawaba ili nusu ya juu iwe mfuniko. Mwenye jiko la dukani lenye mfuniko na matundu ya hewa anaweza kufuata hatua hizi hizi. Jiko la wazi halifai kwa kazi hii, kwa kuwa moshi na joto hutawanyika kabla ya kuigusa nyama ipasavyo. Kazi nzima huchukua saa tano hivi tangu kuwasha mkaa hadi kula, bila kuhesabu usiku wa kulaza nyama kwenye viungo.

Kuchagua na kuandaa mbavu

Ugumu wa kwanza hauko jikoni bali buchani. Muuza nyama wetu, akisikia neno mbavu, hunyanyua shoka kabla mteja hajamaliza sentensi, na kufumba na kufumbua ubavu mzima umekuwa vipande vya kupikia mchuzi. Vipande hivyo hukauka upesi kwenye moshi na huwa na chembe za mifupa zinazoumiza fizi. Mwambie mapema, kabla hajaishusha nyama kutoka kwenye ndoano, kwamba unataka ubavu mzima wa kila upande bila kukatwa, na kwamba sehemu ya chini inayoelekea kidari isiondolewe, maana ndiyo yenye mafuta. Mbuzi mchanga kiasi, au ndafu aliyenona, hutoa matokeo mazuri kuliko beberu mzee ambaye harufu yake huzidi nguvu ya viungo vyote. Angalia pia kwamba ubavu una nyama ya kutosha juu ya mifupa, kwani mbavu ambazo mifupa yake inaonekana wazi zitabaki mifupa mitupu baada ya saa nne.

Nyumbani, geuza ubavu upande wa ndani. Utaona utando mwembamba unaong'aa, uliotandazwa juu ya mifupa yote. Utando huo haulainiki, haupitishi viungo, na ukipikwa huwa kama karatasi ya nailoni, kwa hiyo uondoe. Ingiza ncha ya kisu butu chini yake juu ya mfupa wa pili au wa tatu, unyanyue kidogo mpaka kidole kipite, kisha ushike kwa kitambaa kikavu, kwa sababu unateleza sana, na uvute taratibu kuelekea upande wa pili. Kwa mbuzi mdogo utando huwa mwepesi na hukatikakatika, basi uondoe kwa vipande bila kuhangaika. Punguza mafuta mazito yanayoning'inia, lakini usiyamalize yote.

Viungo vya kulazia nyama

Watu wengi huamini kwamba siri ya mbavu iko kwenye viungo. Nakubali nusu tu. Kati ya vyote tunavyoipaka nyama, ni chumvi peke yake inayosafiri hadi ndani kwa kiasi cha maana. Kitunguu saumu, tangawizi, ndimu na bizari hubaki karibu na uso, milimita chache tu, hata ukivilaza siku mbili. Kwa hiyo pima chumvi kwa uangalifu kuliko kitu kingine chochote, na usilie ikiwa dukani hakuna aina fulani ya bizari.

Kwa kilo mbili za mbavu pamoja na mifupa, tumia gramu 25 za chumvi laini, ambazo ni vijiko vya chai vinne hivi vilivyosawazishwa. Ongeza kitunguu saumu kizima kilichotwangwa, tangawizi mbichi yenye urefu wa kidole gumba, kijiko cha chai cha pilipili manga iliyosagwa, kijiko cha chai cha bizari nyembamba iliyokaangwa kavu kabla ya kusagwa, pilipili mbuzi moja ikiwa walaji wanaistahimili, na vijiko viwili vya chakula vya mafuta ya kupikia. Loweka gramu 100 za ukwaju kwenye kikombe kimoja cha maji ya moto, uukamue na kuuchuja, kisha uchanganye nusu ya rojo hilo na viungo. Nusu nyingine iweke kwenye jokofu kwa ajili ya mchuzi wa kupaka mwishoni. Usitie sukari wala asali katika hatua hii, kwa kuwa huungua na kuwa chungu kabla nyama haijaiva.

Papai bichi, ambalo wapishi wa mishkaki hulitegemea, linahitaji tahadhari. Utomvu wake una kimeng'enya kiitwacho papaini, ambacho hukatakata protini na kuendelea kufanya kazi hata nyama inapopashwa moto. Kwa mishkaki inayokaa motoni dakika kumi ni msaada mkubwa, lakini kwa mbavu zitakazokaa kwenye joto la wastani kwa saa kadhaa, uso wa nyama hugeuka kama uji mzito, huku ndani pakiwa hapajabadilika. Ikiwa mbuzi ni mzee kweli, kijiko kimoja cha chai cha papai lililokunwa kinatosha, tena kwa saa mbili za mwisho. Mimi silitumii kabisa, kwa kuwa muda wa motoni hufanya kazi hiyo vizuri zaidi.

Paka viungo pande zote na uilaze nyama kwenye jokofu kwa saa 8 hadi 24, ndani ya chombo cha kioo, plastiki au chuma kisichopata kutu. Sufuria zetu nyingi ni za alumini, nayo alumini hushambuliwa na asidi ya ukwaju na ndimu, hivyo nyama hupata ladha ya chuma na sufuria hupata madoa. Viungo vilivyobaki chini ya chombo vimechanganyika na damu mbichi. Vimwage, usivitumie kama mchuzi.

Jiko na mkaa

Pipa jipya kwako si lazima liwe pipa safi. Uliza lilibeba nini, na kama lilibeba dawa za mimea au kemikali za kiwandani, liache hata likiwa bei ya kutupa. Lililobeba mafuta ya kupikia ndilo bora. Kabla ya matumizi ya kwanza, washa ndani yake moto mkali wa kuni kwa saa mbili mpaka rangi na mabaki yote yaungue, kisha lisugue na kulipaka mafuta ya kula. Wavu usiwe wa chuma kilichopakwa zinki, kama nyavu za kufugia kuku, kwa sababu zinki ikipata moto mkali hutoa moshi wenye sumu.

Jiko likae nje, mahali pa wazi. Mkaa unaoungua kwa hewa kidogo hutoa kaboni monoksidi, gesi isiyo na rangi wala harufu, na kazi hii kwa asili yake ni ya kubana hewa. Baraza lililozungukwa na kuta pande tatu si mahali pa wazi, na mvua si sababu ya kuliingiza jiko ndani.

Pangilia makaa upande mmoja tu wa pipa. Upande wa pili, chini ya mahali nyama itakapolala, weka sinia au karai dogo lenye maji ya moto hadi nusu. Maji hayo hayalainishi nyama, kama wengi wanavyodhani, ila hufyonza joto linapopanda ghafla na kulirudisha linaposhuka, tena hupokea mafuta yanayodondoka ili yasiungue. Tundu la kuingizia hewa liwe chini upande wa makaa, na la kutolea moshi liwe kwenye mfuniko upande wa nyama, ili moshi ulazimike kupita juu ya mbavu kabla ya kutoka. La juu liache wazi muda wote. Moto uongoze kwa tundu la chini.

Washa mkaa wa kujaza sufuria ya lita tatu na usubiri mpaka vipande vyote vifunikwe na majivu meupe. Pembeni weka jiko dogo la kawaida likiwa na mkaa mwingine unaowaka. Jiko hili dogo ndilo linalookoa kazi nzima, kwa sababu mkaa wetu mara nyingi una vipande ambavyo havikuiva vizuri tanurini, na ukiviongeza vikiwa vibichi ndani ya pipa lililofunikwa hutoa moshi mzito unaochoma macho. Kila baada ya dakika 40 au 50, chota kwa koleo makaa matano au sita yaliyokwisha kukolea kwenye jiko dogo uyahamishie kwenye pipa.

Joto linalotakiwa mahali pa nyama ni kati ya nyuzijoto 110 na 130. Kipimajoto cha oveni kikiwekwa juu ya wavu karibu na nyama kitakuambia ukweli kuliko kile kinachochomekwa kwenye mfuniko. Usipokuwa nacho, shikilia kiganja sentimita 10 juu ya wavu, upande usio na makaa: ukiweza kuvumilia kwa sekunde 8 hadi 10, uko karibu na lengo, na ukilazimika kuuondoa mkono kwa sekunde nne, punguza hewa.

Kuni za kutoa moshi

Mara ya kwanza nilipojaribu kazi hii, nilidhani moshi mwingi ndio moshi mzuri. Nilikuwa nimesoma mahali kwamba vipande vya kuni hulowekwa majini, nikaviloweka usiku kucha, nikavitupa juu ya makaa na kufunga kila tundu. Pipa lilitoa wingu jeupe ambalo jirani alilitazama juu ya uzio kwa wasiwasi. Mbavu zilitoka nyeusi na zenye kung'aa, nzuri machoni, lakini zilikuwa chungu kama dawa na ziliacha ganzi kwenye ulimi. Wageni walisema asante, wakala kachumbari na ugali.

Kosa lilikuwa langu, na sababu yake ni rahisi kueleza. Kuni iliyopata joto na hewa ya kutosha hutoa moshi mwembamba wa rangi ya samawati, ambao huonekana kwa shida usipoutazama mbele ya kitu cheusi. Humo ndimo mnamopatikana fenoli, yaani kemikali zinazotokana na kuvunjika kwa lignini, ile dutu inayoupa mti ugumu, na ndizo zenye ile harufu tunayoitamani. Kuni iliyonyimwa hewa, au iliyojaa maji, hutoa moshi mweupe mzito uliobeba matone ya lami isiyoungua, nayo lami hiyo hutua juu ya nyama yenye unyevu na kukauka hapo. Kuloweka kuni hakuongezi moshi wenye ladha, bali huongeza mvuke, na huchelewesha tu kuungua kwenyewe. Kanuni ya kazi ni kutoweka nyama jikoni mpaka moshi mweupe wa mwanzo uishe, hata kama njaa inasukuma.

Tumia mti mgumu uliokauka kwa miezi sita au zaidi. Mpera ni chaguo langu la kwanza, kwa kuwa hupatikana uani kwa watu wengi na moshi wake ni mpole wenye utamu kwa mbali. Mchungwa na mlimau vinafanana nao. Mgunga una moshi mkali zaidi, unaoikubali nyama ya ng'ombe kuliko ya mbuzi. Wamaasai husafisha na kutia harufu vibuyu vyao vya maziwa kwa kinga cha mzeituni mwitu, wanaouita oloirien, kwa hiyo mwenye kudhani kwamba kutumia moshi kama kiungo ni jambo la kigeni, aonje maziwa hayo kwanza.

Orodha ya miti ya kukwepa ni muhimu zaidi. Msonobari, mwerezi na miti mingine yenye ulimbo hutoa masizi na uchungu. Mkaratusi una mafuta makali yanayonuka dawa ya kikohozi. Mwarobaini ni mchungu hata kwenye moshi. Mnyaa, ule unaopandwa kama ua, una utomvu mweupe unaodhuru macho na ngozi, na usitumike hata kwa kuwashia moto. Mwembe hutumiwa na baadhi ya watu, lakini utomvu wake huwasha ngozi za wengine na moshi wake unaweza kuwasha koo, kwa hiyo nimeuacha. Mabaki ya useremala nayo yasiguse jiko, kwa sababu yana gundi, rangi au dawa ya kuzuia mchwa.

Vipande vinne vyenye ukubwa wa ngumi ya mtoto vinatosha kwa mlo mzima. Weka viwili mwanzoni, pembezoni mwa makaa ambapo vitashika moto taratibu, kisha kimoja kimoja kila baada ya dakika 40 hivi. Moshi hushika zaidi nyama ikiwa bado ya baridi na yenye unyevunyevu, na baada ya saa mbili faida yake hupungua sana, kwa hiyo usiendelee kulisha kuni hadi mwisho.

Kupika

Toa mbavu kwenye jokofu, kung'uta vipande vya kitunguu saumu na tangawizi vilivyonata juu yake ili visiungue, na uzilaze kwenye wavu upande usio na makaa, mifupa ikitazama chini. Funika. Kwa saa mbili za kwanza usifunue ila unapoongeza makaa au kuni, kwani kila ukifunua joto hutoroka na huchukua dakika kadhaa kurudi. Unapofunua, tazama kama uso wa nyama umekauka, na ukiwa mkavu, unyunyizie maji yaliyochanganywa na ndimu kidogo. Geuza ubavu ncha kwa ncha mara moja katikati ya muda huu, ili sehemu iliyokuwa karibu na makaa ihame.

Nyama inapofika nyuzijoto 65 hadi 70, joto lake linaweza kusimama kana kwamba jiko limezimika. Jiko liko sawa. Maji yanayovukizwa kutoka kwenye nyama huipoza kama jasho linavyompoza mkulima juani, na tiba yake ni kuifunga. Funga mbavu kwa tabaka mbili za karatasi ya foili pamoja na vijiko vitatu vya maji au supu, au, kwa matokeo ninayoyapenda zaidi, kwa majani ya migomba. Pitisha majani hayo juu ya moto mpaka yalegee na kubadilika rangi, kama Waganda wafanyavyo wanapoandaa luwombo, kitoweo chao kinachopikwa kikiwa kimefungwa kwenye majani hayo, vinginevyo yatapasuka kwenye mikunjo. Tandika mawili au matatu yakipishana, funga kwa kamba za mgomba, na urudishe kifurushi jikoni kwa saa moja hadi saa moja na nusu. Majani hupitisha mvuke kidogo, hivyo ukoko haulowi kama ndani ya foili, nayo huacha harufu nyepesi inayokwenda vizuri na ukwaju.

Wakati huo andaa mchuzi wa kupaka. Chemsha rojo la ukwaju ulilohifadhi pamoja na vijiko vitatu vya asali au sukari guru, chumvi kidogo na pilipili, mpaka ushike mgongo wa kijiko.

Kuiva hupimwa kwa mkono. Nyanyua ubavu katikati kwa koleo: ukipinda pande zote na nyama ikaanza kupasuka juu, umeiva. Mifupa itakuwa imechomoza karibu sentimita moja, na kijiti cha meno kitaingia kati ya mifupa kama kinavyoingia kwenye parachichi lililoiva. Kwa kipimajoto, hapo ni nyuzijoto 90 hadi 95. Mbuzi mkubwa anaweza kuhitaji nusu saa zaidi, na mbavu za ng'ombe zilizokatwa nene huhitaji jumla ya saa sita au saba, kwa utaratibu huu huu.

Fungua kifurushi, urudishe mbavu kwenye wavu, upake mchuzi pande zote mbili na kufunika kwa dakika 10, kisha upake tena kwa dakika 10 nyingine. Ukitaka alama za moto, zipitishe juu ya makaa kwa sekunde 30 kila upande ukiwa umesimama hapo hapo, maana sukari haimsubiri mtu aliyekwenda kupokea simu.

Ziache zipumzike dakika 15 ubaoni zikiwa zimefunikwa kwa ulegevu, ndipo uzikate kwa kisu kikali kati ya mfupa na mfupa, ukianzia upande wa ndani ambako mstari wa mifupa unaonekana. Kachumbari yenye ndimu nyingi hukata mafuta, na ndizi za kuchoma zinaweza kuiva juu ya makaa yaliyobaki. Zitakazosalia zisikae mezani zaidi ya saa mbili kabla ya kuingia kwenye jokofu. Mifupa nayo ichemshwe kesho yake asubuhi kwa supu, lakini ichanganye na mifupa mibichi mara mbili ya kiasi chake, kwa sababu moshi ulio ndani yake ukipikwa peke yake hutawala sufuria nzima.